Vyungu Pacha vya Veronika

Chungu kilitusemesha saa nne asubuhi, mimi na baba tukiwa kibandani shambani, tukiamia ndege wasimalize mpunga.

"Maji yanakuja," kilisema. "Tokeni hapo."

Baba aliruka kama aliyekanyaga siafu. Hakuogopa maji, aliogopa sauti. Ilikuwa ya Veronika, mke wa kaka yangu Andongwisye, na katika mila yetu mke hamtazami baba mkwe wake, hamsemeshi, wala halitamki jina lake. Wakikaribia kukutana njiani, mmoja hupotelea migombani. Siku hizi wengi wameilegeza mila hiyo, ila baba yangu, Mzee Yakobo, hakuzaliwa kulegeza kitu. Hata simu aliikataa, eti mkwe anaweza kumpigia kwa bahati mbaya.

Basi akafanya alilofundishwa tangu utotoni. Aliinamisha kichwa, akakimbia mbali na sauti ya mkwewe. Na kukimbia mbali na chungu kile kulikuwa ni kuelekea mtoni.

Leo, kutoka Njisi hadi Ndandalo, huingii jiko ukakosa chungu cha Veronika. Watoto wanaimba jina lake shuleni, na tulipomzika mwaka jana, vyungu vya wilaya nzima vilivuma kwa pamoja bila kuguswa na mtu. Wageni huja hapa kwetu Mwaya kuniuliza alikuwa mtu wa namna gani. Mimi nilimjua alipokuwa bado hana ruhusa ya kusema nyumbani kwake.

Alikuwa Mkisi wa Ikombe, binti wa wafinyanzi. Neno lake lolote kwa baba lilipita kwangu, wifi yake, na la baba lilirudi kwa njia hiyo hiyo. Masika moja nilikwenda Kyela mjini kuuza kakao. Veronika akaona mto umebadilika rangi, dalili ya mafuriko, na nyumbani hamna wa kumtuma. Alisimama nyuma ya migomba akakohoa, akakohoa tena. Baba alipotambua kikohozi cha mkwe, akasogea mbali zaidi kwa heshima, na ng'ombe wake wawili wakachukuliwa na maji. Niliporudi nilimkuta Veronika analia, na kilio chenyewe kilikuwa cha hasira.

Kesho yake akashika udongo. Kutoka donge moja alifinyanga vyungu viwili vilivyoungana midomo, akaviimbia vikiwa vibichi mpaka vikatetemeka, kisha akavitenganisha kwa uzi. Alitaka kimoja kikisikia, pacha wake aseme. Jozi kumi na saba zilipasuka motoni. Watu walimcheka, wakasema mke wa Andongwisye anafundisha vyungu umbea. Jozi ya kumi na nane ilipopoa, aliniambia niende na kimoja kisimani. Huko nikasikia ananiuliza, kwa sauti iliyotulia, kama nimechoka. Nililia mbele ya watu na sikuona haya.

Pacha mmoja tulimfukia ukingoni, kule juu mto unapoingia bondeni, asikilize maji, na mwenzake akakaa jikoni. Jozi nyingine tuliigawa kati ya jiko na kibanda cha baba. Cha kibandani nilikipeleka mimi, nikamwambia ni cha kuwekea ndizi. Alikisifu kwa uzuri. Uongo ule sikuufuta.

Ndiyo maana asubuhi ile baba alitokomea mpungani kuelekea mtoni. Nilimwita, akanipungia mkono tu bila kugeuka. Nikakiinamia chungu, nikasema, "Wifi, baba anakukimbia. Anakwenda mtoni."

 Nilijua Veronika anachopima kule jikoni. Mke aliyetamka jina la baba mkwe wake angeweza kurudishwa kwao siku hiyo hiyo, akaacha wanawe.

"Yakobo," chungu kikasema, na bonde zima likajaa. Ndege wote waliruka kwa pamoja. "Yakobo, rudi."

Baba alisimama katikati ya mpunga. Miaka sita mwanamke yule alikuwa amelizunguka jina hilo kama mtu anavyozunguka shimo. Aligeuka taratibu, akaja, akanipita akielekea barabarani. Nilibeba chungu kichwani, tukapanda tuta la barabara. Hatukuwa tumeketi bado maji yalipofika, ya kahawia, na magogo ndani yake. Kibanda kilikwenda kizima kizima na paa lake.

Nilipiga magoti nikakiri kwamba chungu nilikipeleka kwa hila, na kwamba kama kuna wa kufukuzwa, anifukuze mimi.  Baba alinyoosha mikono nimpe chungu. Alikipakata, akakitazama kwa muda mrefu, kisha akakinyanyua juu ya jiwe lililokuwa mbele yake, nikafumba macho nisione kinavyopasuliwa.

Sikusikia mlio. Nilipofumbua, alikuwa amekileta mdomoni.

"Ugonile, mwanangu," alimsalimu.

Maji yalinguruma chini yetu.

"Ndaga, baba," Veronika akajibu, na nyuma ya sauti yake wanawake wa jirani waliokimbilia jikoni kwake walianza kupiga vigelegele.