Kijiji cha Bibi Zofia Sebuleni Qurum

Wageni wa posa walifika nyumbani Qurum, mtaa wa Maskati, baada ya alasiri, wakavua viatu, wakainua mabuibui yao wavuke mto.

Mto huo ulikuwa sebuleni tangu Shaaban, pamoja na kijiji kizima cha Poland: nyumba arubaini za mbao zisizofika magotini, kanisa karibu na friji, na theluji iliyoanguka juu ya zulia tu. Fundi bomba alikuja mara mbili, akasema mto hauhusiani na mabomba.

Kheiria, mwenye kuposwa, alikijua kijiji nyumba kwa nyumba. Bibi yake mzaa baba alizaliwa pale, akiitwa Zofia. Mwaka 1940, Zofia akiwa na miaka kumi, askari wa Kisovieti waliwasomba wanakijiji kwa garimoshi hadi Siberia. Zofia alipona, akapitia Uajemi, akaishia kambi ya wakimbizi ya Tengeru, Tanganyika, akaolewa na Mmanga, Mwarabu wa Omani, mwenye duka. Familia ilipohamia Maskati, wanawe walimwonea haya wakamfuta kwenye nasaba.

Bi Shariffa, mama wa mposaji Yaqdhan, alitikisa finjani kuonyesha kahawa imemtosha.

"Niwieni radhi, Bi Jawaher. Mama yenu alikuwa mtu wa wapi khasa?"

Shangazi Jawaher, binti wa Zofia, alimkonyeza Kheiria alete chetezo, maana udi ukishapita mgeni huaga na maswali hukoma. Kheiria alikuja nacho, akaganda mlangoni. Yaqdhan alimpenda kufa, na posa ingeweza kuvunjika kwa neno moja juu ya asili ya bibi. Hata hivyo Kheiria alitaka neno hilo lisemwe.

Saa kumi na moja iligonga. Kama kila siku, askari wadogo walitokea nyuma ya kanisa wakawatoa watu majumbani. Bi Shariffa alisogeza sahani ya halua kuwapisha. Msichana wa miaka kumi, amekumbatia sufuria, alichepuka akasimama mbele ya mguu wa Jawaher, akainua uso. Macho yake yalikuwa ya kijani, na ya Jawaher vilevile.

"Mama yetu mtu wa Wete, Pemba," Jawaher akasema. "Nnaikumbuka hata nyumba yao."

Akarudisha mguu nyuma, msichana apite.

Bi Shariffa aliyatazama macho yale, ya chini na ya juu, akasema watu wa Wete ni watu wema. Kheiria akapitisha udi. Posa ikakubaliwa.

Siku ya pili saa kumi na moja, Kheiria alikuwa peke yake sebuleni, akiandika majina ya waalikwa. Msichana na sufuria yake alimjia yeye, akasimama, akamtazama.

Kheiria akarudisha mguu nyuma.