Mama Bado Hajamaliza

Siku gwiji wa filamu alipoagwa kazini, ukumbi ulifurika. Filamu ya maisha yake aliitengeneza mwanafunzi wake, binti wa dobi, anayejulikana kwa kuwarekodi watu wa chini ambao hakuna anayewauliza maoni yao. Gwiji alimchagua kwa sababu eti ana adabu. Adabu gani! Binti alikuwa na donge rohoni tangu gwiji alipomrekodi mama yake akieleza jinsi dawa za kufulia zilivyomla vidole, kisha akaishusha sauti ya mama na kupachika yake juu: "Mama huyu ameridhika na kazi yake."

Taa zikazimwa. Gwiji akatokea kwenye skrini, kajikalia kama sultani, mdomo hautulii. Lakini sauti iliyosikika ilikuwa ya mama dobi: "Baba huyu hajui kusikiliza. Mnamwona anavyopenda kusema?"

Watu wakavunjika mbavu. Gwiji akasimama, jasho likimtiririka.

"We binti! Maneno yangu yako wapi?"

"Yapo yote, mwalimu," akajibu kutoka kwenye mitambo. "Nimeyashusha kidogo tu, kama ulivyonifundisha. Hebu keti, mama bado hajamaliza."