Mara Tatu Ukutani

Mama mmoja, mpiga chapa mstaafu, na jirani yake, dereva wa zamani wa mabasi, walikuwa na mkataba wao. Kila mmoja aliishi peke yake ghorofa ya nne, ukuta mmoja katikati, na wote waliogopa jambo lile lile: kufa, kisha wiki ipite ndipo watu waulize harufu inatoka wapi. Basi kila asubuhi, saa kumi na mbili na nusu, dereva aligonga ukuta mara tatu, naye mama akajibu mara tatu. Asiyesikia mwenzake angekuja mbio na ufunguo wa akiba wa mwenzake. Miaka sita mambo yalikwenda hivyo, na mama, mgumu wa kuamini watu, akaamini.

Jumatatu jioni aliteleza bafuni, nyonga ikagoma. Alilala sakafuni, sauti imemkauka, lakini hakuwa na wasiwasi. Asubuhi ukuta uligongwa mara tatu. Sasa anakuja, akajiambia, hata akaona haya kwa gauni lililoloa. Hakuja mtu. Jumatano ukuta ukagongwa tena, bila kuchelewa hata dakika. Hapo mama alilia, na hakulia kwa maumivu. Alijiburuta hadi mlangoni akaupiga kwa kiatu mpaka mfagia ngazi akamsikia.

Alipotoka hospitali na magongo yake, alianzia kwa jirani. Akafungua mwanamke asiyemjua, mswaki mkononi. Alieleza kwa adabu kwamba mzee alihamia kwa binti yake, huu mwezi wa pili, akamwachia ombi la kumgongea mama wa upande wa pili.

"Alisema unafurahi tu kusalimiwa. Nikishagonga, nawahi kazini."

"Na jibu langu?"

"Jibu gani, mama?"

Kumbe wiki zote zile kabla ya kuanguka alikuwa akimjibu mtu aliyekwishahama. Ufunguo wa akiba wa mama ulining'inia kwenye msumari nyuma ya mlango. Mpangaji alidhani ni wa stoo. Mama aliuchukua bila kueleza lolote, akampigia dereva simu. Dereva akababaika, eti alishindwa kumuaga, hakutaka kumliza.

"Kaka, umeniachia mkono wa kugonga," mama akasema. "Masikio umeondoka nayo."

Akakata simu.

Kesho yake, saa kumi na mbili na nusu, ukuta uligongwa mara tatu. Mkono wake uliinuka wenyewe, kwa mazoea. Akaurudisha chini ya shuka, akasikiliza. Mlango wa jirani ulifungwa, viatu vikashuka ngazi.