Usingizi wa Makunduchi

Siku ya tano ya safari, Sabri alishindwa kuvaa kiatu cha kulia. Kisigino kilikuwa kimechunika, nyama iko wazi, na mchanga wa Jambiani ulishaingia. Alikifunga kitambaa, akavaa kandambili, akainua simu aliyoifunga kwenye kijiti na kuitolea lile tabasamu wanalolijua watazamaji wake.

"Siku ya tano, jamaa zangu. Kizimkazi si mbali."

Alikuwa na miaka arubaini na nne. Kwa miaka tisa alijirekodi akikizunguka kisiwa kwa baiskeli, akiogelea mpaka mikono ikafa ganzi, na sasa akitembea kutoka Nungwi mpaka Kizimkazi. Sharti lake lilikuwa moja: hapandi chombo. Picha zikifika nyumbani Jang'ombe, dada yake Wanu ndiye aliyezikata na kuziunga.

Mchana jua likiwa kali, alikaa kando ya njia ya Makunduchi akashindwa kuinuka. Gari la ng'ombe lililopakia makuti likasimama. Mwenye gari, mzee aitwaye Silima, aliutazama ule mguu.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba. Panda, mwanangu."

"Ahsante, lakini mie nnatembea."

"Umekaa," alisema Mzee Silima, bila kejeli.

Sabri alitaka kucheka, machozi yakamtangulia. Akapanda, akajilaza juu ya makuti apumzike kidogo tu.

Alipozinduka walishafika Makunduchi. Alishuka mbiombio, akamshukuru mzee, kisha akaanza kurudi alikotoka ili aitembee ile sehemu aliyobebwa. Alipiga hatua ishirini, labda thelathini, kisigino kikakataa. Mwisho akageuka, akaelekea Kizimkazi kwa kuchechemea. Alifika magharibi imeshaadhiniwa, na hakusikia furaha yoyote ila hamu ya kulala.

Kesho yake, aliporudi Jang'ombe, Wanu alimwita chumbani.

"Kaka, simu hukuizima."

Kwenye picha palikuwa na dakika arubaini za mbingu tupu, magurudumu yakilia na Sabri akikoroma. Katikati ilisikika sauti ya Mzee Silima akimnong'oneza ng'ombe wake: "Polepole, wee. Mna mtu kalala."

"Nikate?" Wanu aliuliza. "Hatojua mtu."

Sabri alijishika kichwa. Miaka tisa hakuna aliyemsikia akichoka. Hata yeye mwenyewe hakujisikia.

"Acha. Andika chini kwamba hapa sikutembea, nilipakiwa."

Wanu aliiacha nzima. Filamu ilipotoka, wapo waliomwita tapeli, na wapo waliouliza safari ijayo ni lini. Sabri alikuwa kitandani, mguu juu ya mto, na Wanu alipomletea uji alimkuta kalala tena, akamfunikia bakuli na kumrudishia mlango.