Tuhfa Anasema, Mama Anaandika

Siku ya kumi na tisa ya arobaini yake, Tuhfa alikuwa amelala chali kitandani kwa mama yake, tumbo limefungwa mkaja hata pumzi inakuja kwa kuombwa, kitoto chake Najat kimemlalia ubavuni. Ilikuwa Alhamisi asubuhi, jua la Makorora limeshaanza kupanda ukutani, simu ikaita. Aliyepiga ni Shadya, shoga yake wa darasa la jioni.

"We mzazi," alisema Shadya hata salamu hajatoa, "kwani wewe hulali?"

"Nalala mpaka mbavu zinauma. Kuna nini?"

"Stetasi yako inasema hulali. Saa ishirini na sita, Tuhfa. Ishirini na sita mfululizo unaandika programu. Sisi tusio na vichanga tunaona haya."

Tuhfa alifungua jukwaa la soga la darasa kwenye simu, akashuka mpaka kwenye jina lake. Ni kweli. Chini ya picha yake, mahali ambapo wenzake wameandikiwa "hayupo" au "anasikiliza taarabu", palikuwa na maneno haya: *Tuhfa anaandika programu. Faili: kliniki. Muda: saa 26.* Na zile dakika zilikuwa zinaongezeka akizitazama.

Mambo ya stetasi aliyaanzisha Mwalimu Fanueli, anayewafundisha kutengeneza programu za kompyuta kwenye ghorofa ya nyumba moja kuukuu kule Raskazone. Wanafunzi wake ni watu wenye shughuli zao: mshona nguo, muuza samaki wa jumla, dereva wa bodaboda, mama wa nyumbani. Hawawezi kufika kila jioni. Basi aliwawekea kwenye kompyuta zao kidude kimoja kidogo. Ukifungua ile programu ya kuandikia, kidude kinalitangazia kundi zima kwamba upo kazini, faili gani na tangu saa ngapi. Hayo ndiyo yakawa mahudhurio. Atakayetimiza saa sita kila wiki, kiti chake kipo. Asiyetimiza, kiti kinakwenda kwa aliye kwenye foleni, na foleni ilikuwa ndefu. Kwa ajili ya Tuhfa, Mwalimu alikuwa ameongeza huruma: wiki mbili za kwanza baada ya kujifungua hakumhesabia kitu. Wiki hii ya tatu ndiyo ya kwanza kuhesabiwa, na ilikuwa inaishia kesho, Ijumaa magharibi.

Sasa, hizo saa ishirini na sita zilitoka wapi, na yeye amelala?

Aliinua macho juu ya kabati. Laptopu yake ilikuwa pale, imeviringishwa kanga kama mkate wa kumimina uliotoka kwenye moto, waya wake umening'inia mpaka kwenye soketi.

Juzi Jumanne alikuwa ameiba saa mbili za kazi, mtoto akinyonya, laptopu juu ya mto. Jana asubuhi alipoifungua tena hakukaa hata dakika tano. Bi Mboni, mkandaji wake, aliingia na ndoo ya maji ya moto, akamkuta ameinamisha shingo. Bi Mboni hakugomba. Alitua ndoo, akamwita mama mtu. Mama yake Tuhfa, Bi Mwamvua, akaja, akakifunga kifuniko, akaipandisha laptopu juu ya kabati. Waya hakuuchomoa, maana aliwahi kusikia kwamba vitu hivi ukivichomoa ovyo vinakufa. Hakujua, na angejuaje, kwamba Tuhfa alishaipanga ile mashine isizime hata ikifunikwa. Aliipanga hivyo zamani, alipokuwa akiibeba kutoka chumba hadi chumba na mimba yake. Basi mashine imekaa juu huko ndani ya kanga, jana kutwa na kucha, inawatangazia watu kwamba Tuhfa yumo kazini.

"Kaa kimya," Shadya alimshauri. "Saa sita umezipita mara nne. Mwalimu akifunga hesabu kesho, umepona."

"Na Badru je?"

Badru ni yule wa bodaboda. Mwezi uliopita aliacha kompyuta wazi nyumbani, akaenda kubeba abiria, na Mwalimu Fanueli mwenyewe akapanda pikipiki ya Badru kutoka stendi mpaka Raskazone, huku stetasi inasema Badru anaandika programu. Alimlipa nauli yake, akamshukuru, na kiti kikaenda kwa mwingine siku hiyohiyo.

"Badru alikusudia," alisema Shadya. "Wewe umefanyiwa na mama yako."

"Nikinyamaza na mimi nimekusudia."

Walipoagana, Tuhfa alimtazama Najat. Kitoto kilikunja uso usingizini kama mzee aliyeonjeshwa ndimu. Siku alipoandikishwa darasani alikuwa na mimba ya miezi mitatu, na kila ngazi ya ile ghorofa aliipanda akimwambia aliye tumboni: hii tunapanda wote, wewe na mimi. Aliacha shule kidato cha pili. Hakuna aliyemfukuza, mambo tu yaliachia, moja baada ya lingine. Kiti kile cha plastiki karibu na dirisha kilikuwa kitu cha kwanza alichokifuata kwa miguu yake mwenyewe.

Akaandika ujumbe kwa kidole gumba, polepole. *Mwalimu, habari za asubuhi. Zile saa 26 si zangu. Mashine ilifunikwa ikiwa inawaka, mimi nimo kitandani. Zangu ni mbili tu, za Jumanne. Samahani.*

Akautuma.

Jibu lilikuja uji wake wa asubuhi wa pilipili manga ukiwa bado wa moto. *Ahsante kwa kusema mwenyewe, Tuhfa. Nilikuwa nimeshaziona na nilikuwa nakusubiri. Nazifuta. Zimebaki nne, na faili la kliniki likamilike, kesho kabla ya magharibi. Sheria niliiweka kwa wote, siwezi kuipindisha. Mtoto hajambo?*

Alisoma mara mbili. Kisha akaweka simu kifudifudi, machozi yakamtoka bila kelele, yakateremkia masikioni kwa kuwa amelala chali.

Hivyo ndivyo mama yake na Bi Mboni walivyomkuta. Bi Mboni na ndoo yake, mama na sinia la vikombe.

"Shikamoo Bi Mboni."

"Marahaba, mzazi. Nani kafa?"

Tuhfa akawaeleza. Aliwaeleza yote: kidude, saa, Badru, foleni, kesho magharibi. Bi Mwamvua alisikiliza amesimama na sinia lake, na vidole vyake vikawa vinagonga chini ya lile bati, vyote kumi, tiki tiki tiki, kama afanyavyo kila akiwaza.

"Kwa hiyo mashine imesema uongo juu ya kabati langu," alisema mwishowe.

"Ndiyo, mama."

"Na wewe ukausema ukweli, ukapoteza saa."

"Ndiyo."

"Vizuri. Njia ya mwongo fupi." Alitua sinia, vidole vikiendelea kuligonga. "Lakini laptopu sikupi. Macho ya mzazi mabichi. Mimi nilipokuzaa wewe nilisoma gazeti siku ya kumi, mpaka leo jicho hili linatoa machozi nikimenya kitunguu."

"Kitunguu kinamliza kila mtu, Mwamvua," alisema Bi Mboni, akikamua kitambaa.

"Jicho hili linazidi."

Bi Mboni alimgeuza Tuhfa ubavu, akamkanda kiunoni kwa mikono iliyozoea moto. Alikuwa amewakanda nusu ya wazazi wa mtaa ule, na wengine kati yao aliwakanda mama zao kabla. Akiendelea kukanda, aliuliza, "Hiyo kazi yako iko kichwani au iko machoni?"

"Iko kichwani, Bi Mboni. Nimelala nayo wiki tatu. Najua kila mstari unavyokwenda."

"Basi mimi nimekataza macho, shingo na kiuno. Mdomo wa mzazi sijaukataza. Ningeukataza, nani angekubali kukaa na wewe humu siku arobaini?"

Tuhfa hakuelewa. Mama yake ndiye aliyeelewa, maana vile vidole vilisimama.

Kabla hajawa Mama Tuhfa, Bi Mwamvua alikuwa karani wa kupiga taipu kwenye ofisi ya shamba la katani. Miaka tisa alipiga barua za meneja, yeye anasema huku anatembea, Mwamvua anapiga bila kutazama vidole. Kisha ofisi ikafungwa, mashine zikauzwa kama chuma chakavu, naye akaja nyumbani na vile vidole, asiwe na pa kuvipeleka ila kwenye masinia.

Alivuta kiti, akaiteremsha laptopu, akaifunua kanga. Alivaa miwani yake iliyofungwa uzi, akanyoosha mgongo hata Tuhfa akamwona ni mtu mwingine, na akaweka vidole kumi juu ya herufi.

"Zimekaa palepale," alisema. "Haya. Sema."

"Ngoja kwanza, mama. Tusije tukaongopa tena." Tuhfa alichukua simu, akamweleza Mwalimu Fanueli neno kwa neno. Walisubiri wote watatu, Bi Mboni kitambaa mkononi kinapoa.

*Mimi nafundisha vichwa,* aliandika Mwalimu. *Vidole azima popote. Ila stetasi iseme kweli.*

Basi kitu cha kwanza alichoandika Bi Mwamvua baada ya miaka ishirini na saba hakikuwa programu. Tuhfa alimwelekeza mahali pa kubadilisha maneno ya kile kidude, naye akayapiga mara moja, bila kosa: *Tuhfa anasema, mama yake anaandika. Faili: kliniki.* Muda ukaanza upya, dakika sifuri.

Walifanya kazi saa mbili siku hiyo na mbili siku ya pili, mara zote mbili mchana, mtoto akilala. Kazi yenyewe ilikuwa programu ndogo ya kuwakumbusha akina mama tarehe za kupeleka watoto kliniki. Tuhfa alifumba macho akasema mstari baada ya mstari. Mama yake alipiga, kisha akamsomea alichopiga, kama alivyomsomea meneja wake.

"Haya mabano yenye kiuno mliyatoa wapi?" aliuliza. "Wakati wetu mabano yalikuwa ya duara, na yalitosha."

"Yanashika vitu vya ndani, mama. Kama mkaja."

"Hmm." Akapiga. Baadaye kidogo akasimama. "Mstari wa juu umetaja nukta mkato mwishoni. Huu hukutaja. Ndivyo ulivyo au umesahau?"

Tuhfa alifumbua macho. "Nimesahau."

"Nilijua. Meneja naye alikuwa hivyohivyo, akichoka anaacha nukta."

Kwenye kundi, Shadya aliandika kwamba na yeye anatafuta mama wa kuazima. Mshona nguo akauliza kama Bi Mwamvua anapokea wanafunzi. Bi Mwamvua alisomewa, akasema waache upuuzi, kisha akaomba asomewe tena.

Ijumaa, adhana ya alasiri ilikuwa imekwisha na jua limehamia ukuta wa pili, waliufikia mstari wa mwisho. Tuhfa alimwelekeza mama yake pa kubonyeza, na programu ikafunguka. Ikaandika kwenye kioo: *Najat. Kliniki ijayo: siku 9.* Wakaituma.

Mwalimu Fanueli hakuchelewa. *Saa sita kamili. Nimeijaribu, inafanya kazi. Kiti chako kipo, dirishani. Njoo arobaini ikiisha.*

Tuhfa alimpa mama yake simu asome mwenyewe. Bi Mwamvua aliisoma na miwani, akaisoma bila miwani, akaipangusa kwa upindo wa kanga, akairudisha.

Najat aliamka, akaanza kulia. Tuhfa alijiinua kumchukua, lakini mama yake alikuwa bado ameketi mbele ya laptopu, vidole juu ya herufi, havibonyezi kitu.

"Mama, kazi imekwisha. Unaweza kuifunga."

"Najua." Alimgeukia mtoto. "Nyamaza kidogo, mke mwenzangu. Nakuja." Kisha akamwambia Tuhfa, kama mtu anayeuliza bei ya kitu asichonuia kununua, "Hiyo foleni ya darasa, mtu wa umri wangu wanamwandika?"

Tuhfa akaanza kumwandikia Mwalimu.