Sauti ya Nje ya Picha

Jukwaani walimbandika jina la Radi, likamganda. Enzi hizo kundi lao la maigizo halikuwa na maikrofoni, na yeye hakuihitaji. Akinong'ona, mtu wa kiti cha mwisho kabisa anajipangusa machozi. Akavuma. Mji huu leo, mji ule kesho, na binti yake, mtoto mdogo wa kushika gauni, akaachwa kwa mama yake mdogo. Safari ya mwezi mmoja ikazaa nyingine, nayo ikazaa nyingine. Usimhukumu haraka, mwenyewe alishajihukumu kitambo.

Filamu zilipomwita alikwenda mbio. Siku ya kwanza tu mpiga picha akamwambia, "Dada, teremsha sauti. Kamera si kiziwi." Wakaangua kicheko, naye akacheka kwa shingo upande. Akajifunza kusema kwa macho, na akafaulu, mpaka mikunjo ya uso ilipokuja kudai sehemu yake. Akaanza kupewa nafasi za bibi mgonjwa kitandani. Halafu hata bibi akatafutwa mwingine. Ndipo akawa mwongozaji. Watu walimpongeza, na hakuna aliyemuuliza kama ndicho alichotaka.

Binti sasa alikuwa mtu mzima, mwenye adabu za kupitiliza. Kila Jumapili alipiga simu, akasalimu, akauliza afya, akaaga. Kila Jumapili Radi alitaka kumwomba msamaha, na kila Jumapili akajikuta anauliza kama huko kumenyesha. Wakaishia kuzungumzia mvua.

Filamu yake ya kwanza kuongoza ilimhusu mama anayerudi baada ya miaka mingi, na binti anayemfungulia mlango. Siku ya kupiga picha ya karibu ya uso wa binti, mwigizaji wa mama aliamka na homa. Haikuwa shida. Alihitajika mtu wa kukaa kando ya kamera na kusoma maneno ya mama, ili binti apate wa kumtazama.

"Nitasoma mwenyewe," Radi alisema.

Alisoma mistari miwili. Kisha karatasi akaiweka magotini.

"Nilikuwa nasema kazi, kazi. Uongo mtupu. Chakula kilikuwepo. Niliyapenda makofi, mwanangu. Siku ile ulilia mlangoni, nikakusikia mpaka kwenye kona ya barabara. Sikugeuka, maana ningegeuka nisingeondoka. Nisamehe."

Aliyasema kwa sauti ya chini, ya mtu aliyeishiwa nguvu. Msichana aliyekuwa mbele ya kamera akalia machozi ya kweli, mpaka kamasi. Kamera ilipozimwa, watu wote wakampigia makofi yule msichana. Radi naye akapiga.

Kwenye chumba cha uhariri, mhariri alirudisha kipande kile, mkono mmoja kwenye pakiti ya biskuti.

"Hii sauti ya pembeni naifuta, si ndiyo? Tutaweka ya mwigizaji mwenyewe."

"Ndiyo."

"Ila msomaji wako ni moto. Umemtoa wapi?"

"Mtu wa zamani tu," alisema Radi. "Kabla hujafuta, nitumie kwenye simu."

Jumapili aliosha sahani yake moja na kikombe chake kimoja, akaketi kwenye kochi. Saa ya binti kupiga ilikuwa inakaribia. Alijua akisubiri simu, wataishia tena kwenye mvua. Akapiga moyo konde, akamtumia ile sauti bila kuongeza neno.

Akakaa roho juu. Aliwasha televisheni, akaizima. Akaona kwamba binti ameshaisikiliza. Simu ikaonyesha kwamba anaandika, ikaacha, ikaonyesha tena, na Radi akawa anaomba kimyakimya kama mtoto anayesubiri matokeo ya mtihani. Hata matusi angeyapokea. Matusi angeyabusu.

Ujumbe ukaingia.

"Shikamoo mama. Nimeisikiliza mara mbili. Umeigiza vizuri sana, hongera. Filamu inatoka lini?"

Radi aliusoma, akausoma tena. Akaandika kwamba hakuwa anaigiza, akayatazama maneno hayo, akaona yanafanana kabisa na maneno ya mwigizaji. Akayafuta. Mwishowe akajibu kile alichoulizwa: mwezi ujao, Mungu akipenda.