Ibaki ya Nani

Pacha alikuwa ameupakata mkoba wa mwenzake kama mtu aliyeachiwa mtoto wa watu. Ndivyo alivyoupakata katika kila kikao cha baraza la usuluhishi wa kazi, na mwalimu wa hesabu alikwishazoea kumtupia jicho kila mara wakili wa shule alipomchachafya kwa maswali. Akimwona, moyo ulitulia. Hawakuwa ndugu wa damu. Jina hilo walitwikwa na walimu wenzao kwa kuwa miaka nenda miaka rudi walisahihisha madaftari kwenye meza moja, wakigombania kalamu nyekundu moja utadhani maduka yote yamefungwa.

Shauri lenyewe halikuwa na mizunguko. Mwalimu mkuu aliwataka walimu waongeze alama za mtihani ili shule ing'are. Wakagoma, tena kwa vishindo, na kila mmoja akaandika barua ya kujiuzulu. Tukiondoka wote, walijigamba, atafundisha nani? Pacha ndiye aliyezikusanya na kuzipeleka. Jioni hiyo hiyo ushujaa ukawayeyukia, wakaufyata mkia mmoja baada ya mwingine. Mwalimu wa hesabu, mjane mwenye watoto wawili na mama asiyeinuka kitandani, naye akapiga simu.

"Kama wenzetu wanachukua zao, nichukulie na yangu, Pacha."

"Ondoa shaka, dada."

Kesho yake mlinzi alimzuia langoni, macho yakiwa chini kwa aibu. Barua yake imekubaliwa, aliambiwa. Pacha alimweleza huku akilia kwamba aliikuta imekwishafungiwa kabatini, nao wakalia pamoja.

Sasa Pacha aliitwa kwenye kiti cha shahidi kuielezea simu ile. Aliuacha mkoba kwenye benchi, akala kiapo. Wakili wa shule, mtu mpole wa sauti na mkali wa maswali, alimwendea taratibu.

"Ulipofuata barua yako, barua zenu ulizikuta wapi?"

"Mezani kwa mwalimu mkuu."

"Zote?"

"Zote."

"Na ya huyu mama?"

"Nayo ilikuwepo."

"Mezani? Si kabatini?"

"Mezani."

Wakili akatabasamu. "Basi mambo ni wazi. Angekuomba, ungeichukua. Hukuichukua kwa sababu hakukuomba. Aliacha kazi kwa hiari yake. Ndiyo au siyo?"

Neno moja tu lilitosha kumzamisha mwalimu wa hesabu na kumwacha Pacha akiwa msafi kama alivyoingia. Mwalimu wa hesabu alimkazia macho, bado akimwamini, bado akidhani wakili ndiye anayepotosha.

"Siyo," Pacha alisema. "Aliniomba. Mwalimu mkuu alisema lazima ibaki moja, wakubwa waone kuna aliyewajibishwa. Akaniuliza ibaki ya nani."

"Ukasemaje?"

"Nikasema yake."

Mwenyekiti wa baraza aliinua kichwa. "Kwa nini yake?"

Pacha alianza kulia, safari hii bila mtu wa kulia naye. "Wengine wote wangenijia juu. Yeye ndiye pekee ambaye nilijua hatanishuku."

Maneno hayo yalimkata maini mwalimu wa hesabu. Miezi yote hiyo alimchukia mwalimu mkuu, akamlaani mlinzi wa watu, akawanunia hata wanafunzi waliomsalimia njiani. Chuki yote hiyo ilikuwa imepotea anwani. Alitaka kupiga kelele, lakini hapo ulipo ushahidi wake ndipo hapo ulipo msiba wake, na wakili wake tayari alikuwa akimnong'oneza, "Tumeshinda, mama! Shahidi wako ametuokoa!"

Hakika walishinda. Uamuzi uliposomwa, ulisema arudishwe kazini mahali pake, kama alivyokuwa awali. Mama yake alipiga vigelegele akiwa kitandani, naye akaitikia kwa kicheko ambacho hakikufika mbali.

Jumatatu walimu walisimama alipoingia, wakapiga makofi kupita kiasi. "Karibu nyumbani!" walisema, hao hao waliochukua zao. Aliwashukuru wote. Kisha akaenda mahali pake, kama alivyokuwa awali.

Pacha alikuwa ameifuta meza ikang'aa. Upande wa mwenzake alipanga madaftari ya hesabu, na katikati, pale pale pa siku zote, akaiweka kalamu nyekundu.

"Tangulia wewe, dada," alisema kwa sauti ndogo, akiisogeza kidogo. "Mimi nitasubiri."

Mwalimu wa hesabu alivuta kiti, akaketi. Alifunua daftari la kwanza, akalilaza vizuri. Kisha akafungua mkoba, akatoa kalamu nyekundu mpya aliyoinunua njiani, akaanza kusahihisha.